Foleni ya Juni 30: hesabu na hofu tunazoziita uvivu

Wiki ya mwisho ya Juni ikiingia, saiba za Mwembe Tayari, hapa Mombasa, hujaa hadi barazani. Watu wamesimama na vitambulisho mkononi, wengine wameshika fomu za P9, zile za mwajiri zenye hesabu ya mshahara na ushuru wa mwaka, zilizokunjwa mpaka zimechakaa, na kijana aliyeketi nyuma ya kompyuta anarudia neno lile lile tangu asubuhi: sistimu imelala, subirini kidogo. Pale kituo cha Huduma katika jengo la Posta hali ni hiyo hiyo. Redioni na katika makundi ya WhatsApp hukumu nayo haibadiliki mwaka hata mwaka: Wakenya ni watu wa dakika ya mwisho, na sisi wa Pwani ndio tumevuka mpaka. Nafasi ya kuwasilisha ritani za ushuru hufunguliwa Januari, mtu ana miezi sita mizima, na asiye na mapato ya kutangaza humaliza kazi yote kabla chai haijapoa. Sasa mtu anangoja nini hadi usiku wa tarehe 30?

Ni swali la haki, lakini jibu tunalolitoa haraka, kwamba ni uvivu, halielezi kitu. Ninavyoiona, foleni ile ina watu wa aina mbili waliochanganyika, na wote tunawaita jina moja. Wa kwanza wanangoja kwa hesabu: wameitazama serikali miaka mingi, wakajifunza kwamba anayetangulia hapati zawadi. Wa pili wanaahirisha kwa hofu: kuna kitu ndani ya kazi ile hawataki kukutana nacho, na kila siku wanayoisogeza mbele inawapa nafuu ya siku moja. Serikali ina dawa mbili, kitisho na msamaha, na zote mbili huishia kwa mgonjwa asiye wake. Kitisho humtia kiwewe mwenye hofu na hakimbabaishi mwenye hesabu. Msamaha humnufaisha mwenye hesabu, na mwenye hofu haumfikii kabisa.

Tuanze na hesabu, maana yake ni rahisi kuthibitisha. Mwaka 2019 tuliambiwa usajili wa Huduma Namba, ile namba mpya ya utambulisho ya kila mkazi, unafungwa Mei 18. Siku za mwisho watu wakajaa vituoni, muda ukasogezwa hadi Mei 25, na baadaye mpango wenyewe ukaachwa. Mwaka 2022 Mamlaka ya Mawasiliano ilisema laini za simu zisizosajiliwa upya zitafungwa Aprili 15. Wazee walisimama juani nje ya maduka ya simu, wengine wamebebwa na wajukuu, kisha tarehe ikapelekwa Oktoba 15. Ushuru wenyewe nao umo. Sheria ya Fedha ya 2023 ilileta msamaha wa faini na riba kwa aliyelipa deni la msingi, kuanzia Septemba 2023 hadi Juni 30, 2024. Tukaambiwa hiyo ndiyo nafasi. Desemba 27, 2024 msamaha ukarudi tena, ukiwa umesogezwa hadi Juni 30, 2025, na safari hii ukafunika madeni ya hadi mwisho wa 2023. Mfanyabiashara wa Biashara Street aliyekopa ili alipe faini zake kwa wakati, na jirani yake aliyekunja mikono akitazama, ni nani kati yao aliyeonekana mjanja? Ukimwita huyo wa pili mvivu utakuwa umemwonea. Alipiga hesabu, na hesabu ikatoka sawa.

Hapa ndipo huingia hoja ya uvivu wa Pwani. Imezoeleka hivi kwamba hata wenyewe tunaitania, ila kati ya hoja zote katika mjadala huu hii ndiyo dhaifu kuliko zote. Mji huu ulijengwa na watu walioishi kwa tarehe zisizoongezwa. Majahazi yaliyoletwa na kaskazi kutoka Ghuba na Bara Hindi yalitegemea kusi kurudi kwao. Nahodha aliyekawia kupakia boriti na nafaka hadi bahari ikachafuka alikwama bandarini, na hakukuwa na ofisi ya kutangaza kwamba msimu umeongezwa majuma mawili. Mpaka leo bandari ya Kilindini inapakua meli usiku na mchana. Mama wa mahamri wa Majengo ameshakanda unga wakati wengi wetu tungali usingizini, na wateja wake wa alfajiri hawajawahi kumkosa. Hulka ya kuchelewa haiwezi kuwa inamkamata mtu mbele ya kompyuta ya saiba tu na kumwachilia kila mahali kwingine. Na kama tatizo lingekuwa la Pwani, foleni ya Nairobi ya usiku ule ule imesimamwa na nani?

Nilimwona mmoja wa hao wenye hofu kwa karibu, katika saiba moja ya Kongowea. Mtu wa makamo, muuza viazi pale sokoni, mtu ambaye saa tisa za usiku huwa keshasimama kupokea lori kutoka Nyandarua. Kwa lori hilo hajui kuchelewa. Kijana wa saiba alipomwuliza neno la siri alijibu kwamba halijui, hajaingia humo miaka minne. "Basi nikufungulie upya, ami?" Yule bwana akatazama mlangoni kwanza. "Fungua," akasema, "lakini usinisomee kwa sauti." Ukurasa ulipofunguka na hesabu ikafanywa, faini za kuchelewesha ritani, shilingi 2,000 kwa kila mwaka, zilikuwa elfu nane. Alikuwa amejiandaa kusikia laki. Miaka minne alikuwa ametembea na deni la kufikirika kubwa mara nyingi kuliko deni lenyewe, na ile misamaha miwili yote ilimpita kwa sababu kudai msamaha kunataka kwanza ujue unadaiwa nini, na kujua ndiko alikokuwa akikukimbia.

Wataalamu wa saikolojia wamekuwa wakisema jambo hili kwa muda sasa. Fuschia Sirois na Timothy Pychyl, wote wakiwa wamefanya kazi katika vyuo vya Kanada, waliandika mwaka 2013 kwamba kuahirisha ni njia ya kutuliza moyo kwa muda mfupi kabla ya kuwa tatizo la kupanga saa. Kazi inamletea mtu karaha, wasiwasi, au aibu. Akiiweka kando, ile hisia inaondoka papo hapo, na moyo unajifunza kwamba kuweka kando ni dawa. Gharama yake inamwangukia mtu mwingine, yule wa mwezi ujao, ambaye kwa sasa ni kama jirani tusiyemfahamu. Ndiyo maana mwenye kuahirisha utamkuta hana mapumziko: anafagia duka lililokwisha kufagiwa, anapanga upya magunia, anajibu meseji zote za ukoo. Mvivu hafanyi kazi na roho yake imetulia. Huyu anafanya kazi zote isipokuwa moja, na hiyo moja haimtoki kichwani.

Nisiwe mtu wa upande mmoja. Kuna ushahidi unaoibana hoja ya hofu, na anayeandika juu ya jambo hili bila kuutaja anawapunja wasomaji. Piers Steel wa Chuo Kikuu cha Calgary alikusanya tafiti nyingi na kuzipima kwa pamoja mwaka 2007. Alichokuta ni kwamba watu wenye hulka ya wasiwasi hawaahirishi sana kuliko wengine. Vilivyotabiri zaidi ni kazi yenyewe kuwa ya karaha, malipo yake kuwa mbali, mtu kutojiamini kwamba ataiweza, na wepesi wa kuvutwa na kila kinachopita mbele ya macho. Nayakubali hayo. Hofu ninayoisema mimi haimo katika damu ya mtu. Imo katika kazi fulani, kwa wakati fulani, na muuza viazi wetu ni shahidi: mbele ya lori ni jasiri, mbele ya ukurasa wa iTax, ule mtandao wa kuwasilishia ritani, anatazama mlangoni.

Linalonisumbua zaidi ni jaribio lililochapishwa mwaka 2010 na Suzanne Shu na Ayelet Gneezy nchini Marekani, kwa sababu halina hofu ndani yake hata chembe. Watu walipewa vocha za kula keki katika mkahawa mzuri. Baadhi waliwekewa muda wa wiki tatu, wengine miezi miwili. Waliopewa miezi miwili ndio waliojiamini zaidi kwamba watakwenda, na ndio walioshindwa vibaya: asilimia 6 tu walizitumia, ilhali wenye wiki tatu walikuwa asilimia 31. Nani anaogopa keki? Hapa Mombasa hatuhitaji vocha kulithibitisha. Waulize watu wa Kisauni au Changamwe ni wangapi wameingia Fort Jesus tangu ile safari ya darasa la tano. Ngome ilianza kujengwa 1593 na haijahama, na hilo hasa ndilo linalotufanya tusiende. Mtalii mwenye siku tatu keshaijua minara yake yote.

Kwa hivyo muda mrefu wenyewe ni mtego, hata pale pasipo na la kuogopwa. Hili halibomoi hoja yangu, ila linaisahihisha mahali pamoja muhimu. Tunapomwambia mtu "ulikuwa na miezi sita", tunadhani tunataja kosa lake, kumbe tunataja sehemu ya sababu. Miezi sita humpa mwenye hesabu uwanja wa kucheza na humpa mwenye hofu mahali pa kujificha. Na kumbe yuko wa tatu, asiye na hesabu wala hofu: huyo miezi sita humfanya aone kila siku kwamba kesho bado ipo.

Kuna wanaojitetea kwamba wao ndivyo walivyoumbwa: akili zao hazichangamki mpaka moto uwake. Utawasikia wanafunzi wa vyuo vyetu wakisema hivyo kuhusu insha, waandishi wa habari kuhusu makala (hili nalisikia kila siku mahali pangu pa kazi), na mafundi cherehani kuhusu nguo za Idi. Dianne Tice na Roy Baumeister waliwafuatilia wanafunzi katika chuo kimoja cha Marekani na kuchapisha matokeo yao mwaka 1997. Mwanzoni mwa muhula wenye kuahirisha walikuwa wametulia kuliko wenzao, na hata kuumwa waliumwa kidogo. Muhula ulipokaribia kwisha mambo yakapinduka: msongo wao ulizidi, magonjwa yakazidi, jumla ya muhula mzima ikawa mbaya kuliko ya wenzao, na alama zikawa chini. Moto wa mwisho ni kweli unachangamsha. Kinachosahaulika ni kwamba mtu hulinganisha kazi ya usiku ule na usiku mwingine ambao hakufanya chochote, hailinganishi na kazi ambayo angeifanya katika majuma yaliyopita. Na aliyewahi kuvaa kanzu ya Idi yenye bega moja juu la pili chini anaijua tofauti bila kusoma utafiti wowote.

Hoja nzito zaidi ya upande wa pili ni ya wale wasemao kwamba dola haiwezi kukaa inabembeleza mioyo ya watu. Tarehe ni tarehe. Faini ya shilingi 2,000, au asilimia 5 ya ushuru unaodaiwa ikiwa hiyo ni kubwa zaidi, si unyama. Bila faini, wanasema, hata hao wanaojitokeza usiku wa mwisho wasingejitokeza. Naikubali sehemu kubwa ya hoja hii. Kwa mwenye hesabu, faini isiyosameheka na tarehe isiyosogea ni tiba kamili, na angepona katika miaka miwili au mitatu. Ila hoja hii inahesabu waliofika kwenye foleni na kuwasahau wasiofika. Kwa mwenye hofu, kila tangazo la Juni linaongeza kitu anachokikimbia. Mwaka wa kwanza alikuwa na aibu ndogo, mwaka wa pili akawa na aibu na faini, mwaka wa tatu hata kupita mbele ya ofisi ile anapita kwa upande wa pili wa barabara. Ukimwongezea ukali atazidi kukaa mbali, na wewe utasoma kimya chake kama kiburi.

Msamaha basi? Mwaka 2010 Michael Wohl, Timothy Pychyl na Shannon Bennett walichapisha matokeo ya wanafunzi 119 wa mwaka wa kwanza katika Chuo Kikuu cha Carleton. Wale walioahirisha kujisomea kwa mtihani wa kwanza kisha wakajisamehe nafsi zao, waliahirisha kidogo zaidi kwa mtihani wa pili. Waliojisuta hawakupata faida hiyo. Kwa mtu aliyelelewa kwa "chelewa chelewa utamkuta mwana si wako" jambo hili linaweza kuonekana la ajabu, lakini mantiki yake iko wazi: aibu ndiyo inayofanya kazi ile iwe chungu, na uchungu ukipungua hakuna tena cha kukimbia. Hapa lazima tutenganishe mambo mawili ambayo mjadala wetu unayachanganya. Kusamehe kosa lililopita ni kitu kimoja, kusogeza tarehe ijayo ni kingine. Mwalimu wa chuo anaweza kumwambia mwanafunzi kwamba la mtihani wa kwanza limekwisha, na mtihani wa pili ukabaki siku yake ile ile. Serikali yetu imefanya yote mawili kwa pamoja, tena bila mpangilio wa kueleweka, kwa hivyo anayevuna ni mjanja anayefuatilia Gazeti Rasmi. Aliyehitaji kusamehewa yuko sokoni anapanga magunia.

Kwa mtu mmoja mmoja, mbinu yenye ushahidi mzuri kuliko nyingi haina maajabu. Peter Gollwitzer, mwanasaikolojia wa Kijerumani, amekuwa akiichunguza tangu miaka ya tisini. Katika jaribio moja wanafunzi walitakiwa kuandika taarifa fupi katika siku za sikukuu ya Krismasi. Walioamua mapema wataketi wapi na saa ngapi, zaidi ya thuluthi mbili waliiandika. Walioachwa na nia njema peke yake, ni kama thuluthi moja tu. Siri iko katika kuifunga kazi kwenye jambo ambalo litatokea hata usipotaka. Sisi hapa hatuna shida ya mambo kama hayo. Siku ya Mombasa ina adhana tano, kila swala na wakati wake wa kuingia na kutoka, na hata asiye Mwislamu anapanga miadi kwa "baada ya alasiri" na "Ijumaa wakitoka msikitini". Sema: Jumamosi, nikishaswali alfajiri, kabla sijagusa meseji yoyote, nitafungua ukurasa wa iTax nijaribu neno langu la siri. Usiseme utamaliza ritani, sema utajaribu neno la siri. Likikataa, umeshajua kazi ya Jumamosi ijayo ni kulibadilisha. Mwenye hofu hashindwi na kazi nzima, anashindwa na mlango wake, na mlango huo ukiufanya mdogo kiasi hicho unakosa cha kuogopesha. Mwenye mtu wa kumwamini basi aende naye, kama yule bwana wa Kongowea alivyomtegemea kijana asiyemsuta.

Haya yote yanaiachia serikali, ya kitaifa na ya kaunti, kazi tofauti na ile inayoifanya sasa. Dirisha la miezi sita kwa watu wote ni refu mno na ni la pamoja mno. Kila mwenye PIN, yaani namba ya mlipa ushuru, angeweza kupewa mwezi wake, tuseme mwezi wa kuzaliwa, na tarehe hiyo ikawa haina msamaha wala nyongeza. Sistimu isingelala na mwenye hesabu angekosa umati wa kujifichia. Msamaha wa madeni ya nyuma ukihitajika, ufungwe kwa mtu badala ya kalenda: mara moja katika maisha ya kila mlipa ushuru, siku atakayofungua ukurasa mwenyewe, na usirudi tena. Hapo kungoja hakumpi mtu faida, na aliyepotea miaka minne ana njia ya kurudi ambayo haitegemei kama alisikiliza habari Desemba. Kaunti nayo, katika kodi za ardhi na vibali vya biashara, ingefuata mkondo huo huo kuliko kutangaza afueni kila hazina inapokauka.

La mwisho ni dogo na linaweza kufanywa bila kupitisha sheria yoyote. Mamlaka ya Ushuru, KRA, ina namba zetu za simu, kila Juni meseji zake hutufikia bila tabu, na karibu zote husema kuna faini bila kusema ni kiasi gani. Muuza viazi alitishwa na namba asiyoijua. Meseji itumwe Februari, kwa Kiswahili, ikimwambia mtu ritani zipi hazijaingia, anadaiwa shilingi ngapi, na abonyeze wapi kuanza. Haitagharimu senti moja zaidi ya ile ya vitisho.